Barua Iliyokwenda Malishoni

Dalali alibandika tangazo kwenye mlango wetu pale Garsen, na mimi ndiye niliyelisoma kwanza, kwa kuwa nilikuwa nimetoroka kipindi cha hesabu. Jina la baba, nambari ya ploti, siku ya mnada: Jumatano ijayo. Baba alikuwa ameweka rehani hati ya nyumba akanunua kinu cha kukoboa mpunga. Mafuriko yakaja, kinu kikanywa maji mpaka kikashiba, na benki haikulipwa.

"Hawawezi kuuza hivi hivi," baba alisema. "Wakili anasema lazima kwanza wanipe notisi ya miezi mitatu. Mimi sijaona hata bahasha."

Benki ilishikilia kuwa notisi ilitumwa kwa posta. Basi nikaanza upelelezi, maana kitu kilichopotea huniwasha kuliko upupu. Barua zetu zilipitia sanduku la shule ya msingi, kama za nusu ya mji. Mwalimu mkuu alisoma majina paredi ya asubuhi, na mtoto wa mwenye barua akatoka mstarini kuichukua. Ni asubuhi gani sikuwa mstarini? Aibu ni kwamba zilikuwa nyingi. Moja nilikuwa nimepigishwa magoti nyuma ya ofisi kwa kuigiza kikohozi cha mwalimu mkuu, ambacho, kusema haki, nilikipiga vizuri kumzidi mwenyewe. Hilo sikumwambia baba.

Ijumaa, mfugaji mmoja Muorma alileta ng'ombe sokoni kutoka malisho ya upande wa Chara. Akapita kwetu, akasikia watoto wakisoma tangazo kwa sauti. Jina lilikuwa lake pia, lake na la babake.

"Mimi nyumba sina," akasema. "Hawa watu wanauza nini yangu?"

Mama akacheka kwa mara ya kwanza wiki ile. "Ingia, shemeji. Anayeuzwa ni mume wangu, si wewe."

"Karibu chai, somo," baba akamwita.

Hapo kichwa kikaniwaka. "Mzee, mtoto wako aliwahi kukuletea barua kutoka shuleni?"

Akafungua mkebe wa vibali vya mifugo, akatoa bahasha yenye mihuri ya benki. Haikuwa imefunguliwa.

"Hii kibali nzuri sana," akasema. "Askari wa kizuizi naonyesha, wanaangalia mihuri, wananiambia pita."

Baba alishaishika pembe aichane. "Usiifungue!" nikapiga kelele. "Ikiwa hivyo ndiyo ushahidi wako!"

"Na wewe umejuaje ilikotoka?"

Ikabidi niseme yote, kikohozi na magoti, na kwamba jina liliposomwa lazima ni mtoto wa somo aliyetoka mstarini badala yangu. Baba hakucheka hata kidogo. Aliyecheka mpaka akamwaga chai ni somo wake.

Jumatatu tukawa mahakamani Mombasa, watatu. Jaji aliigeuza ile bahasha huku na huku, akamuuliza mfugaji amekaa nayo tangu lini.

"Tangu ng'ombe wangu mwekundu hajazaa. Sasa ndama anakula majani."

Wakili wa benki akasimama kulalamika kuwa hiyo si tarehe. Jaji akamwambia akae, kisha akauliza, kwa hamu kabisa, ndama huanza majani akiwa na umri gani. Nikapenda sheria siku hiyo.

Mnada ukazuiwa. Benki ikaambiwa ianze upya: notisi ifike mkononi mwa baba mwenyewe, na miezi mitatu ihesabiwe kuanzia hapo.

Nje, karani wa benki alikuwa ameshatoa kalamu kuuliza baba apelekewe wapi notisi mpya.

"Kwa hivyo tumeshinda miezi mitatu tu?" nikauliza.

"Kinu kimekufa, lakini shamba lina tope zuri," baba alisema. "Mpunga wa haraka unachukua muda gani?"

"Miezi mitatu na kitu."

Akaitikia kwa kichwa kama mtu aliyepewa jibu alilotaka, akaenda kukata tikiti za kurudi. Mimi nikabaki nahesabu kwa vidole hicho "kitu" tutakiomba kwa nani.