Maziwa ya Shangazi Kengele

Shangazi yangu tulimpachika jina la Kengele kwa sababu akiita ng'ombe, majirani nao huitika. Alirithi zizi la babu akalikomalia, mvua inyeshe, jua liwake, na mimi nilikuwa nakaa naye kumsaidia. Shida ilikuwa wanunuzi. Maziwa yalibaki mpaka yakaganda, tukayanywa hadi tukakinai.

Baba, kaka yake mkubwa anayeishi mjini, uvumilivu ukamwishia. "Dada, mwisho wa mwezi namleta dalali. Ng'ombe waende, upumzike."

 Shangazi aliingia zizini akalia, nilimsikia. Kesho yake akamwita fundi rangi atengeneze kibao cha kuweka kwenye barabara kuu. Fundi alikuwa amebakiwa na rangi ya buluu, basi akapaka kibao kizima buluu, akaandika kwa nyeupe: MAZIWA MAZURI AJABU, NJOO UJIONEE. Chini yake mshale.

Jumamosi likaja gari limejaa watu, mataulo mabegani, na mtoto mmoja kavaa boya kiunoni.

"Samahani mama, maziwa yako wapi?" akauliza dereva.

"Si hayo kwenye ndoo."

"Kwenye ndoo?"

"Kwani mlitaka yakae wapi?"

"Mama, sisi tumekuja kuogelea!"

Nilitamani ardhi inimeze. Shangazi alicheka mpaka akashika ukuta. "Kuogelea hamtaogelea," akasema, "ila kukamua mtakamua!"

Akawagawia vigoda. Dereva alijirushia maziwa puani. Mtoto wa boya alimnywesha ndama kwa chupa, halafu akagoma kuondoka. Jioni wakaenda na mtindi wao, wakasimulia kila walikopita. Wiki iliyofuata yakaja magari matatu, kisha basi la shule, kisha watalii na mkalimani wao. Wengine walikuja na mataulo kusudi, wapige picha chini ya kibao. Tukajenga banda la chai harakaharaka, na Shangazi akatukataza kumwambia Baba lolote. "Aje ajionee mwenyewe," alisema, roho ikiwa juu.

Mwisho wa mwezi Baba akafika na dalali wake. Alipoona magari yamejaa mpaka barabarani na umati nyumbani kwa dada yake, akajua kuna msiba. Alishuka mbio, kiatu kimoja kikamtoka, akipenya katikati ya watu huku anaita, "Dada! Dada yangu jamani!"

Dada yake alikuwa katikati ya umati, mzima wa afya, anawafokea wageni wasimfinye ng'ombe. Baba alimkumbatia yeye na ndoo yake, maziwa yakamwagikia suruali.

"Kaka, vipi tena?" Shangazi naye machozi yalikuwa yanamlengalenga. "Watu wanatutazama!"

Dalali akatokea nyuma anahema. "Mzee, sasa hao ng'ombe je?"

Baba akajifuta machozi kwa mkono uliolowa maziwa. "Hao ni wa dada yangu," akasema. "Kama unataka kukamua, panga foleni."