Siku Niliyovaa Sufuria ya Chama

Niwaambie mwenyewe kabla hamjausikia mkasa huu kwa Karis, maana yeye akianza kusimulia huongeza chumvi mpaka natokea nimelia, na kulia sikulia. Lakini mengine ni kweli. Ni kweli nilikatiza soko zima la Jericho, mtaani kwetu Nairobi, nikiwa na sufuria kichwani, ni kweli niliitwa mwizi, na ni kweli kwamba mama yangu mzazi alipofika pale hakunitambua mimi, alitambua sufuria. Sasa nimeoa, nina watoto, na bado kuna mama mmoja muuza nyanya ambaye nikipita huniuliza kama leo naona vizuri.

Ilikuwa miaka ile ya tisini, nami nilikuwa kibarua katika kiwanda cha sabuni kule Industrial Area. Kibarua ni nini mnajua: alfajiri uko getini na wenzako, msimamizi anatoka na chai yake mkononi, ananyoosha kidole, wewe, wewe na wewe, na kisipokufikia unarudi nyumbani kwa miguu ukijifanya ulikuwa umetoka kunyoosha viungo. Miaka miwili na nusu nilikitazama kidole hicho. Nilichotaka duniani kilikuwa kimoja tu, kuandikwa kazi, nipewe barua yenye jina langu. Hata Mama alikuwa ameacha kuniombea mke kanisani, siku hizo alikuwa ananiombea barua.

Basi siku moja nikatumwa kufagia ofisi ya meneja mpya, Mmarekani mrefu aliyekuwa ameishi Tanzania miaka mingi, akizungumza Kiswahili sanifu kiasi kwamba sisi wa Eastlands tulimwona kama anasoma taarifa ya habari. Ukutani alikuwa ametundika picha ya zamani: vijana wamepiga goti, wamevaa kofia za ngozi, mmoja amekumbatia mpira wenye umbo la papai. Nikasimama na ufagio wangu, naangalia.

"Huyo mwenye mpira ni baba yangu," akasema nyuma yangu. "Wakati wa vita vya Hitler alikuwa katika shule ya kufundisha marubani wa jeshi. Msimu ule timu yao ilicheza na vyuo vikubwa na kuvishinda. Je, mpira huu wa Kimarekani mnaufahamu huku kwenu?"

Ningesema hapana, nimalize kufagia, maisha yaendelee. Lakini wewe fikiria, miaka miwili na nusu hakuna mtu mwenye tai aliyewahi kuniuliza swali lolote, na huyu ananiuliza akinitazama machoni, mdomo ukajijibia wenyewe: "Tunaucheza sana, bwana. Jericho tuna timu. Mimi ndiye kapteni."

(Ukapteni huo sijui ulitoka wapi. Wala sikuulizwa.)

Uso wake ukang'aa. Akasema baba yake anakuja kumtembelea wiki hiyohiyo, na Jumamosi atamleta atuone tukicheza. "Na mtu anayeweza kuongoza timu," akaongeza, "hapaswi kusimama getini kila asubuhi. Tutazungumza Jumatatu." Kisha akaniazima kijitabu kilichochakaa chenye habari za msimu wote ule wa shule ya baba yake, nikakitia ndani ya shati, nikatoka.

Rafiki yangu Karis, fundi wa kuchomelea vyuma, nilimkuta kibandani kwake.

"Manze, umemwambia tuko na nini?"

"Timu."

"Timu ya nini?"

"Soma hapa."

Tulikisoma usiku na mchana. Tulichoelewa ni hiki: mpira unabebwa mkononi, mwenye nao anakimbia bila kusimama hata iweje, na wengine wote wanamrukia. Karis akasema huo si mchezo, hiyo ni vita tu imewekewa refa. Ila tulikuwa na siku nne, na katika siku nne tukakusanya vijana wa mtaani mpaka tukatimia kumi na mmoja, tukawaomba wa Majengo, Pumwani, waje wawe wapinzani, tukashona mpira wa ngozi ya mbuzi tukaushindilia matambara, na mabegani tukajaza sponji ya godoro la nyanya yake Karis (alikuwa Murang'a wakati huo, Mungu amrehemu, hakuwahi kujua).

Zikabaki kofia. Picha za kijitabu zilionyesha kila mtu na kofia yake ngumu, na mzee mwenyewe anakuja, tungewezaje kutokea vichwa wazi?

Sasa, Mama alikuwa ndiye mtunza vyombo wa chama cha kina mama. Mnavijua vyombo vya chama: mtu akiwa na harusi, matanga au wageni wa mahari, anaenda kwa mtunzaji, anachukua masufuria, anayarudisha yakiwa yamesuguliwa mpaka unajiona. Kila moja lilikuwa na alama ya rangi nyekundu chini. Hayakuguswa bila ruhusa, hata na mume wa mtu. Nami nikangoja Mama atoke Jumamosi asubuhi, nikafungua stoo, nikachagua sufuria ndogo kumi na moja, zile za kupakulia mchuzi. Nilijiambia zitarudi kabla hajarudi kutoka kusukwa nywele. Karis akatoboa matundu mawili ukingoni kwa kila moja (ndiyo, alitoboa, na mimi nilimshikia), tukapitisha kamba za blada, ule mpira wa ndani ya tairi, tukafunga kidevuni.

Uwanjani watu walikuwa wamejaa. Meneja alifika na baba yake, kizee chembamba chenye kofia ya jua, kikasimama wima kama kinakagua gwaride. Mzee akatutazama na masufuria yetu yakimetameta, akafunga mdomo kwa mkono, nikadhani ameguswa. Vijana wa Majengo walikuja bila kofia yoyote, wakasema vichwa vyao vinatosha. Watu wakapiga kelele kwamba hatuna golikipa, basi tukaweka golikipa.

Mpira ukaanza, nikaupata, nikakimbia. Hatua kumi hivi kamba ikakatika, sufuria ikateremka ikafunika macho, ikaja ikagota masikioni, ikakwama. Ningesimama. Lakini kijitabu kilisema mwenye mpira hasimami hata iweje, na nyuma yangu nilisikia miguu ya Majengo wote, na timu yangu mwenyewe nao wanapiga kelele, "Simama! Musyoka simama!" nikaona ni wivu, nikaongeza mwendo. Uwanja ukaisha bila mimi kujua. Nilijua tu kwamba ardhi imebadilika, kuna harufu ya samaki wa kukaanga, na kuna kitu laini kimepasuka chini ya kiatu.

Nilikuwa sokoni.

Sasa jiweke mahali pa yule mama wa nyanya. Mtu anapita mbio amekumbatia kitu kifuani, uso ameuficha, nyuma yake vijana ishirini wanapaza sauti "Simama!" na "Mshikeni!" Pale Jericho miaka ile ulihitaji kuelezwa nini tena? Sauti moja ikasema "Mwizi!" na soko zima likaitikia. Nikakwaa kreti, nikaanguka, na pigo la kwanza likaja juu ya sufuria, ngaaa, mpaka meno yakacheza. La pili likashuka begani kwenye godoro la nyanya yake Karis. Hapo sikufikiria barua, nakwambia. Mtu anauawa hivihivi mtaani kwetu, nimeona kwa macho yangu, na hakuna anayeuliza alikuwa amebeba nini. Niliogopa vile sijawahi kuogopa tena.

Kisha kitu chepesi kikaniangukia mgongoni, kikanikumbatia, na fimbo zikasimama ghafla. Sikuona, niliambiwa baadaye: kile kizee cha Kizungu kilikimbia kutoka uwanjani kofia mkononi, kikapenya katikati ya watu, kikajitupa juu yangu kizima. Soko lote likanyamaza. Hakuna aliyewahi kuona Mzungu amemlalia mwizi.

Katika kimya hicho nikasikia sauti ninayoijua.

"Hiyo sufuria ni ya chama! Hii hapa alama! Tumetafuta vyombo tangu asubuhi, wageni wa mahari wamekaa kwa Mama Njeri na mchuzi hauna pa kupakuliwa, kumbe ni huyu!"

"Mama, ni mimi," nikasema ndani ya sufuria.

"Mwizi ananiita mama! Mtu asimwachilie!"

Ilibidi mafuta ya kupikia yapakwe masikioni, kina mama wawili wavute sufuria na wawili wavute miguu. Nilipotokea, Mama aliichukua sufuria, akaanza kuifuta mafuta kwa leso yake. Afadhali angenipiga.

Meneja alikuwa amefika, amekuwa mwekundu. "Mama, samahani," akasema, "mwanao amecheza mpira huu kwa muda gani?"

"Mpira? Huyu?" Mama akasema. "Huyu hata gololi za bano hakuwahi kucheza."

Meneja akanigeukia. Nikamwambia ukweli wote palepale, na mafuta yakinichuruzika shingoni, kwamba nilidanganya, kwamba nilitaka kuandikwa. Nikajua barua imekwenda. Yule mzee, aliyekuwa anapanguswa nyanya, akauliza tunasema nini, akaelezwa, akaanza kuongea Kiingereza chake cha puani huku akicheka, na meneja akatutafsiria.

"Baba anasema kule shuleni ofisa alikuja akauliza nani anaujua mpira, na wachezaji walikuwa wanapewa nyama maradufu, kwa hiyo akanyoosha mkono ingawa yeye hakuwa..." Meneja akageuka. Akamtazama baba yake. Akauliza kitu kwa Kiingereza, mzee akatikisa kichwa kukubali. "...hakuwa amewahi kuushika," akamaliza polepole. "Wala nusu ya wenzake."

Jumatatu kidole hakikunyooshwa kwangu, niliitwa ndani. Meneja hakucheka. Alisema hapendi waongo, na kwamba angenifukuza, ila baba yake amemwambia akinifukuza mimi basi na ile picha aitoe ukutani. Akanisukumia barua. Nilitoka nje, nikakaa kwenye ukingo wa mtaro, na sawa, pale machozi kidogo yalikuja.

Nilimpelekea Mama mbio. Akavaa miwani, akaisoma mara mbili, akaikunja vizuri, akaitia ndani ya Biblia. Kisha akanionyesha lile rundo la masufuria, na matundu yake ishirini na mawili.

"Huko wamekuandika," akasema. "Hapa bado wewe ni kibarua."

Mwaka mzima, kila harusi, kila matanga, mimi ndiye niliyeosha vyombo mbele za watu. Na tangu hapo, mtu akiniuliza kama kitu fulani nakijua, namwomba kwanza anipe siku nne.