Mikate ya Bwana Jela

Mume wangu alikuwa askari jela, na mimi, kwa kuwa mke wake, nikawa askari jela wa akina mama bila kuombwa. Siku akiletwa mfungwa mwanamke katika jela ya Handeni, niliitwa kutoka jikoni na unga mikononi, nikakabidhiwa ufunguo, nikaambiwa, "Mama, mlinde huyu." Mwanamke akiachiliwa, ufunguo ulirudi ofisini nami nikarudi kwenye chungu changu. Sikuwa na sare wala kofia. Nilikuwa na kanga, na kanga haikuwahi kumtisha mtu.

Miaka ile ya Mwingereza, baada ya vita kuu ya pili, jela yetu haikuwa na wezi wa maana. Handeni kulikuwa na nini cha kuiba? Wengi walikuwa wakulima waliofungwa kwa kukosa mihogo. Amri ya boma ilitaka kila mwenye kaya apande mihogo iwe akiba ya njaa. Mvua isiponyesha mihogo haioti, isipoota Bwana Shamba haioni, asipoiona mwenye shamba anakwenda ndani. Mvua yenyewe haikuwahi kukamatwa. Waliobaki walikuwa manamba, vibarua wa mkataba, waliotoroka mashamba ya mkonge ya Korogwe, wakadhani Handeni ni mbali.

Katika jela hiyo ndimo tulimoletewa Bwana Jela mpya, mtu wa kutengeneza watu.

Habari zake zilitangulia kwa dereva wa lori la Korogwe. Kwao Ulaya alikuwa mwalimu. Vita vilipokuja akachukuliwa askari, akatekwa, akakaa kifungoni mwa Wajerumani mpaka mbavu zikahesabika. Huko ndiko alikoapa kwamba akitoka salama, atawatendea wafungwa kama watu. Nampa haki yake, kiapo alikitimiza. Alipopewa jela ya Korogwe alitoa viboko vyote uani, akavimwagia mafuta ya taa na kuvichoma mbele ya wafungwa. Mameneja wa mkonge wakapiga kelele: watoro wao walikuwa wakirudi kutoka jela wamenenepa, tena wanaulizia sabuni. Wakubwa wakaona mtu mwema kama huyu afadhali apelekwe mahali wema wake usipoonekana. Wakamleta kwetu.

Siku ya kwanza aliwapanga wafungwa uani. Kiswahili alikijua, lakini kile cha kitabuni, kilichopigwa pasi.

"Neno mfungwa mimi silitaki," alisema. "Ninyi ni wanafunzi. Hii siyo jela, hii ni shule."

Mzee mmoja wa Kwamsisi akanyoosha mkono. Huyu alifungwa kwa mihogo. Aliletwa kwa miguu, tarishi wa boma akimfuata nyuma kwa baiskeli, na aliyechoka njiani ni tarishi.

"Bwana, shule hii inafungwa lini? Nina mbegu nyumbani."

"Utakapobadilisha tabia."

"Tabia ipi, Bwana?"

"Uvivu," Bwana Jela akajibu, kwa upole kabisa.

Mzee akashusha mkono. Alikuwa na viganja vigumu kama kwato.

Viboko vya Handeni navyo vikachomwa. Mume wangu alirudi nyumbani amenuna. "Sasa niende kazini na mikono mitupu kama padri?" Zikaja blanketi, ikaja sabuni, ikaja nyama siku ya Ijumaa. Kila asubuhi wafungwa walinyooshwa viungo, mikono juu, mikono chini, na watu waliokuwa wakienda sokoni walisimama kwenye ua kuwatazama wanaume wazima wakiruka kama vyura. Jioni walifundishwa faida za kazi. Waliofundishwa ni watu walioanza kulima kabla meno ya utotoni hayajang'oka.

Ndipo akaletwa yule mama.

Alikuwa Mzigua wa makamo, mnene, mtulivu, mpika pombe anayejulikana kuanzia Handeni hadi Magoma. Alikuwa akifungwa karibu kila mwaka, na anayemwandikia mashtaka alikuwa karani wa boma, mteja wake wa Jumamosi. Nilimwamkia, "Shikamoo, mama." Akaitikia, "Marahaba, mwanangu," akaingia chumbani akatandika mkeka wake kama mtu aliyerudi kwake.

Bwana Jela alimwita ofisini nami nikasimama mlangoni na ufunguo wangu.

"Kwa nini wewe unapika pombe?"

"Watu wanakunywa, Bwana."

"Na kama wewe ungekuwa na ujuzi mwingine? Ujuzi wa heshima?"

Mama akamtazama kama unavyomtazama mtoto wa mwenzio anayeuliza mwezi unalala wapi. "Kama upi, Bwana?"

Macho ya Bwana Jela yaling'aa. Hakulala usiku ule, nadhani, maana asubuhi tulikuta amekwisha kuchora tanuri. Wafungwa wa mihogo wakafyatua matofali, manamba wakajenga. Lori la Korogwe likaleta unga wa ngano, gunia la sukari na makopo ya hamira. Mpika pombe atageuzwa mpika mikate, na vitu vyote vikawekwa chumbani kwake, kwa kuwa, alisema Bwana Jela, kumwamini mtu ndiyo dawa.

Mume wangu alishusha lile gunia la sukari, akaniangalia. Nikamwangalia. Umpe fisi bucha halafu umfundishe kukata nyama!

Mikate ilitoka mizuri, sitasema uongo. Ilipanda, ikawa na rangi ya udongo wa Handeni baada ya mvua. Bwana Jela alikula wa kwanza akasimama uani huku machozi yanamlenga. Makarani wa boma wakaanza kununua, na misheni nao wakaagiza. Lakini nyuma ya tanuri, palipo na joto na kuni, palikuwa na madebe. Ndani yake mlikuwa na makoko ya mikate, sukari, hamira na maji, vimefunikwa gunia, vinachemka vyenyewe polepole. Mimi nilijua mapema, kwani pua ninayo. Nilimuuliza mama, akanichotea kikombe. Nikanyamaza, na kikombe kilikuwa kitamu.

Jela ikabadilika tabia kweli. Ugomvi ulikwisha. Manamba waliokuwa hawasemezani na Wazigua wakawa ndugu. Asubuhi waliruka juu kuliko walivyoamriwa. Jioni waliimba. Bwana Jela alipita akitabasamu, akamwambia mume wangu, "Unaona? Mtu akiheshimiwa, moyo wake unafunguka."

"Naona, Bwana," alisema mume wangu, ambaye kwa wakati huo moyo wake nao ulikuwa umefunguka tangu adhuhuri.

Sifa zikafika Tanga. Bwana Mkubwa wa jela zote za jimbo akasema anakuja kujionea. Bwana Jela alipaka kuta chokaa, akamwambia mama aoke mikate mingi kuliko siku zote. Mama akatii. Na ile kazi yake nyingine akaizidisha kuliko siku zote, maana alisema wageni ni baraka.

Bwana Mkubwa alikuja na gari jeusi na suruali nyeupe. Akapewa mkate na siagi, akasifu. Wafungwa wakaimba Kizigua, kwa sauti nzito, wakiyumba pamoja kushoto na kulia.

"Wanaimba nini?" akauliza.

Walikuwa wanamtukana mama mkwe wa Bwana Shamba. Mume wangu akapiga saluti: "Wanaishukuru serikali, Bwana Mkubwa!"

Hapo tungepona. Lakini manamba mmoja, mtoro wa mkonge, kijana mrefu asiyejua kiasi, alichomoka kwenye mstari mikono imetanda. Akamkumbatia Bwana Mkubwa kifuani, akamwegemezea kichwa begani. "Shemeji!" akalia. "Shemeji, mbona umekawia hivi?" Akamtapikia ile suruali nyeupe.

Madebe yalipatikana mara moja. Hayakuwa yamefichwa sana, kwani katika jela ya kuaminiana nani angeyaficha?

Bwana Jela aliinama akanusa debe moja, halafu la pili, kama mtu anayetumaini kwamba la pili litakuwa maji. Uso ukamwiva. Akamgeukia mama, na sauti yake haikuwa ya ukali. Ingekuwa ya ukali tungestahimili.

"Kwa nini umenidanganya?"

"Sikukudanganya, Bwana," mama akasema, mikono kaikunja tumboni. "Kila siku uliniuliza mkate umeiva? Nikakwambia umeiva. Ulikuwa umeiva."

Bwana Jela akaingia ofisini. Kupitia dirishani nilimwona amekaa, kofia magotini, anatazama ukuta mpya wa chokaa. Nilitaka kucheka, na kicheko kilikuwepo, lakini kilikataa kutoka.

Hawakumfukuza. Walimpandisha cheo, wakampeleka Dar es Salaam kwenye ofisi isiyo na mfungwa hata mmoja, akawe mshauri wa mambo ya jela. Siku ya kuondoka alitupa mkono sote, askari na wafungwa. Mzee wa Kwamsisi, aliyekuwa bado ndani, alimwambia, "Kwaheri, mwalimu." Sijui kama alikuwa anamkejeli. Bwana Jela alidhani hapana, akamshika mkono kwa mikono yake miwili.

Aliyekuja badala yake alikuwa mtu mfupi asiyeuliza mtu jina. Hakupiga kelele, hakutukana. Alileta viboko vipya kwenye lori lilelile la Korogwe, akaamuru tanuri livunjwe, na matofali yake yakajenga choo cha askari. Blanketi zikahesabiwa na kurudishwa stoo. Wiki hiyohiyo mzee wa Kwamsisi alichelewa kusimama kwenye mstari, kwa sababu ya magoti, akalazwa chini uani. Mume wangu ndiye aliyeamriwa. Alirudi nyumbani, hakula, na alipoambiwa na mwenzake mzaha wa yule manamba na suruali nyeupe, hakucheka. Sisi tuliokuwa tumemcheka Bwana Jela mchana na usiku tukanyamaza siku chache. Kisha tukaanza tena. Mtu lazima acheke kitu.

Miaka michache baadaye nilishuka Korogwe kumtazama dada yangu, nikapita Kilole. Mbele ya nyumba ya udongo nikamkuta yule mama, ameketi nyuma ya tanuri dogo, anauza mikate. Nyuma ya nyumba kulikuwa na sauti za wanaume, nami sikuuliza.

"Mwanangu askari!" akaniita, akanivutia kigoda. "Yule mwalimu wenu yuko wapi siku hizi?"

"Nasikia bado yuko Dar es Salaam. Ofisini."

Akatikisa kichwa, akipanga mikate yake kwenye sinia. "Alikuwa mwema yule. Mwema kama mvua ya kwetu Handeni: inanyesha kwa moyo wote, palipo na mawe."

Akanikatia kipande cha mkate wa moto, akanimiminia chai. Tukazungumza habari za magoti na za wajukuu mpaka lori la kurudi likapiga honi.