Nilimsingizia mama mkwe mbele ya wageni kisa gemu

Admin, naomba unifichie jina, hapa Lushoto wanaonifahamu ni wengi. Nina miaka 32, nimeolewa, mume wangu anafanya kazi Tanga. Mama yake aliletwa kwangu kutoka Mtae ili atibiwe goti. Ukweli hatukuwa na mazungumzo. Nikishasema "shikamoo mama", akaitikia "marahaba", basi, kila mtu na kimya chake.

Mimi napenda gemu jamani. Nina kile kigemu cha kushika mkononi, na humo niliweka gemu ya kilimo ambayo mwanzoni ilitengenezwa kwa zile mashine kubwa za gemu zinazochomekwa kwenye TV. Walipoihamishia kwenye kigemu waliiharibu, inakwamakwama, maandishi madogo kama chawa. Nikaiacha. Juzi kati nikaiapdeti, sikuamini! Haikwami tena, kila kitu kinaonekana vizuri, na wameongeza shamba jipya la mlimani ambalo watu wawili wanalima pamoja. Siku hiyo nikiwa nacheza, mama mkwe akachungulia.

"Hiyo kabichi mbona unaimwagilia jua kali?"

Vitufe vya kigemu hiki viko pande mbili na vinachomoka ili wawili wacheze, nikachomoa upande mmoja nikampa. Kuanzia hapo tukawa marafiki. Tunalima huku ananisimulia alivyozika watoto wake wawili, mambo ambayo hata mume wangu hajawahi kuambiwa.

Jumapili kina mama wa jumuiya wakaja kumjulia hali. Mmoja akakuta kigemu kwenye kochi. "Mambo gani haya ya kitoto? Nani anacheza humu?"

Mimi ndiye nafundisha watoto wao shule ya Jumapili. Aibu ikanishika, nikasema, "Ni mama huyo. Si mnajua uzee, akili inarudi utotoni."

Wakaangua kicheko. Mama alikuwa amekaa hapohapo. Akaniangalia kidogo, kisha akasema taratibu, "Ni kweli wanangu, ni mimi. Mwenzenu huyu ana kazi nyingi."

Asubuhi akaomba kurudi Mtae. Eti goti limepona, na huku anachechemea. Mume wangu nimemwambia mama alikumbuka nyumbani.

Kinachoniua ni kwamba ananipigia simu kunijulia hali kama vile hakuna kilichotokea, na mimi naogopa kupokea. Niende Mtae kimyakimya nikampigie magoti, au kwanza niwaambie wale kina mama ukweli? Nishaurini jamani, nifanye nini?