Gonga Mara Mbili

Mimi si mwigizaji, nisikudanganye. Ni muuguzi, nakaa Weston, na siku za mapumziko nilikuwa nauza sura kwenye filamu zinazopigwa hapa Toronto. Nimekuwa mpita njia, nimekuwa mgonjwa, na maiti mara mbili.

Siku moja nilipewa kuigiza mtu anayekabwa koo. Mapigano yote aliyapanga mama mmoja wa Kikorea, mwigizaji mkubwa huko kwao, na kwenye filamu ile mwenyewe alikuwa anaigiza. "Anayekabwa ndiye bosi," akaniambia. "Ukigonga mkono wa anayekukaba mara mbili, anaachia palepale. Asipoachia, namfukuza."

Nikacheka. Bosi! Makubwa haya.

Kijana wa kunikaba alikuwa mpole, lakini kamera ilipoanza akapitiwa, vidole vikazama kweli. Masikio yakavuma, giza likaingia. Nami nikafanya ninachofanya siku zote: nikalegea, nikasubiri hasira zimwishe. Hasira gani? Mtoto wa watu hata hakunijua!

Yule mama akaruka, akamtia kiwiko cha mbavu hadi akaanguka. "Hakugonga!" kijana akalia. Uso wake ukasema wallahi angeachia.

Mama akakaa nami sakafuni, akanigeuzia sikio la kulia. Lake la kushoto halisikii. Alianza kazi akiwa binti, akasema, na kazi yenyewe ilikuwa kupigwa. Mwongozaji mmoja alitaka makofi ya kweli, akaamuru yarudiwe na kurudiwa mpaka ngoma ya sikio ikapasuka. Filamu ikasifiwa, naye akasifiwa uvumilivu. Ndiyo maana akajifunza kupanga mapigano, ili mbele yake asipigwe mtu tena.

"Nani alikufundisha usigonge?"

"Hakuna," nikasema. Mwongo mkubwa mimi.

Akanitazama, akanishika kidole kidogo, akakipinda nyuma polepole mpaka nikaguta. "Asiyeachia," akasema, "mfanyie hivi."

Nilifika nyumbani jua bado lipo. Mume wangu akaona alama shingoni, akajua si zake, maana zake anazijua. "Nani kakushika?" Nikamweleza yote, kamera, kijana, kugonga mara mbili. Akasema nimemfanya mjinga, akanibamiza ukutani, mkono mahali palepale.

Nikagonga mara mbili. Nilimpa nafasi, Mungu shahidi.

Akakaza.

Nikakitafuta kidole chake kidogo, nikakipinda chote mpaka kikalia. Mwanamume mzima akapiga magoti kwenye zulia langu, anapiga mayowe, nami sikuachia. Nilikuwa na hasira ya miaka tisa na nilitamani kuvunja na vingine.

"Niache! Unaniua!"

"Gonga," nikamwambia.

Akagonga goti langu mara mbili. Nikaachia palepale. Koti langu lilikuwa limetundikwa mlangoni; nikalivaa, nikatoka.