Bunduki ya Sponji Chini ya Kanzu Yangu

Afazali niseme mwenyewe, kwa sababu kule sokoni Kasongo wanaisimulia vibaya, wanaongeza kwamba nililia, na mimi sikulia. Nilikimbia, hiyo ndiyo kweli. Muzee mwenye ndevu nyeupe na kanzu ya Ijumaa, nilikimbia nikipiga kelele kuliko watoto, na kitu nilichokuwa ninakikimbia nilikuwa nimekibeba mwenyewe.

Munanijua. Mimi masomo nilifika darasa la tatu tu, kisha nikashika baiskeli, nikasukuma mafuta ya mawese mpaka Salamabila miaka na miaka, nikajenga nyumba ya matofali ya kuchoma na bati juu. Hakuna mutu aliyenionyesha njia. Ndiyo maana sipendi kushauriwa, na ule ugonjwa ndio ulioniangusha.

Mujukuu wangu Zaina iko na miaka tisa. Siku ya Idi, jamaa yote tukiwa tunakula, niliapa kwamba akitoka wa kwanza darasani nitamupa chochote atakachoomba (nilifikiri ataomba viatu). Akatoka wa kwanza, akaja kuniambia anataka bunduki ya sponji, ile ya watoto, yenye kutupa vijiti vya sponji kama ya godoro, aliiona katika telefone ya shangazi yake. Bibi yake akauliza mutoto mwanamuke atafanya nini na bunduki. Zaina akajibu kwa adabu, "Bibi, Babu aliapa. Hakusema kitu cha wanawake." Mutoto namna hii unamukatalia na nini? Niliona nikirudi mikono mitupu, neno langu katika ile nyumba limekwisha.

Basi Ijumaa, nikitoka musikitini, nilikuwa na elfu ishirini za franka mufukoni, si moja zaidi, nikaenda kwa Mama Chausiku, mwenye kuuza masufuria na vichezeo karibu na wauza samaki. Alikuwa nazo tatu: moja kubwa ya betri, inayotupa mfululizo; moja ya manjano, ya kuvuta kwa mukono; na moja nyeusi tii, ya kuvuta pia, elfu saba tu, ambapo ile ya manjano ilikuwa elfu kumi na tatu.

Lazima nimusifu huyu mama, maana siku ile sikumusifu. Alisema ya betri niiache, betri zitakula pesa kila juma na mutoto atabaki na kopo lililolala. Alisema nisitazame bunduki, nitazame risasi, kwa sababu zinapotea chini ya kitanda na kuku wanazidonoa, basi nichukue ile ambayo risasi zake nitazipata tena sokoni. Akanipa ya manjano niivute mara kumi, nisikie kama chuma ya ndani inachoka, sawasawa na mimi ninavyozungusha mnyororo wa baiskeli mbele ya kutoa pesa. Akalamba kikombe kidogo cha mpira kwenye ncha ya risasi, akaitupa, ikanasa kwenye sufuria.

"Chukua ya manjano, Baba," akasema. "Hii nyeusi iko bei ya chini kwa sababu hapa hakuna mutu anayeitaka. Wewe unajua nchi yetu."

Mimi nikasikia "bei ya chini", mengine yakapita. Nikamujibu kwamba manjano ni rangi ya watoto wa kunyonya (nilikuwa ninanunua kichezeo, lakini hata kichezeo nilitaka kiwe na heshima). Nikalipa elfu saba. Akataka kuitia katika mufuko wa plastiki, ule unaoonyesha kila kitu, nikakataa. Muzee kama mimi nipite katikati ya soko na kichezeo? Nikageukia ukuta, nikaichomeka kiunoni, nikashusha kanzu juu yake. Kosa lenyewe ni hili, dogo namna hii.

Nikafika kwa wauza samaki, nikainama kuchagua wa kukauka, na nilipoinama kanzu ikapanda, kitako cha bunduki kikatoka nyuma. Mimi sikuona. Mama mumoja aliona. Alibeba mutoto wake akaanza kwenda mbio. Sasa sisi watu wa huku, vita vilitufundisha: ukiona mutu anakimbia, kimbia, utauliza ukifika. Wakakimbia watano, kisha njia nzima, mabeseni chini, nyanya zikiviringika, mafuta yakimwagika, na mimi, ambaye pia nilifundishwa na vita vilevile, nikashika kanzu kwa mikono miwili nikaingia mbio nikisema, "Kimbieni, wamekuja!"

Waliokuwa mbele wakageuka, wakaniona, wakatawanyika kama nimebeba moto. Nikafikiri, Mungu wangu, kinachokuja nyuma yangu lazima kiwe kibaya sana. Nikaongeza mbio. Nikienda kushoto, wanaenda kulia. Nikiwafuata, wanapiga kelele. (Ninajua, ninajua.) Nikateleza katika mafuta ya mawese, yaleyale yaliyonijengea nyumba, nikaanguka mbele ya meza ya nyama, na bunduki ikatoka, ikateleza mpaka katikati ya njia.

Muuza nyama akaja na panga, vijana na michi ya kutwangia. Wakasema nipandishe mikono, wale wanaonisalimia kila siku wameinama, nikapandisha, nimekaa katika mawese, kanzu imegeuka nyekundu kwa mafuta. Nilisema ni ya mutoto. Hawakusadiki. Ndipo sauti moja ikasema nyuma, "Kumbe ile nyumba ya matofali ilitoka huko." Ile iliniuma kuliko kuanguka. Miaka yote ya baiskeli, imefutwa na neno moja.

Mama Chausiku akatokea. Hakukimbia, alikuja akitembea. Aliokota ile nyeusi mbele ya panga, akalamba risasi, akaitia, akavuta, akageuza mudomo wa bunduki kwenye paji la uso wake mwenyewe. Pu. Risasi ikanasa pale katikati, ikawa inatikisika. Akazunguka polepole ili kila mutu aone.

"Hii ndiyo iliwakimbiza," akasema. "Sasa muokote nyanya zenu, na ninyi vijana mumuinue Baba."

Muuza nyama alicheka mpaka akakaa chini. Mimi nimeona wanaume wakivuka muto wa Lualaba umejaa, lakini moyo kama ule sijauona: kuingia katikati ya watu wenye woga na panga, kwa ajili ya heshima ya mutu aliyedharau maneno yako sasa hivi.

Nikamufuata mpaka kwenye meza yake, nikanunua ya manjano, elfu ishirini ikaisha yote. Ile nyeusi tuliivunja kwa muchi. Ya manjano niliibeba juu ya kichwa soko nzima, na walicheka, wacha wacheke.

Zaina alikuwa mulangoni, habari zilishafika mbele yangu. Alipokea bunduki kwa mikono miwili, hakuijaribu kwanza. Aliuliza, "Babu, yule mama anakaa wapi? Ninataka kumusalimia."

Tangu siku ile kitu ninachonunua ninakibeba wazi, hata kama ni nguo ya ndani ya bibi yake Zaina. Na mutu akiniambia "wewe unajua nchi yetu", ninaweka pesa chini, ninakaa, ninamusikiliza mpaka amalize.