Mwoka Mikate Mmoja wa Mji Huu

Marehemu baba yake Mama Gazeti alianzisha gazeti la mji ule akiwa na meno yote. Katika toleo la kwanza akaandika, kwa jina kamili, kwamba mkandarasi fulani amejenga daraja ambalo hata mbuzi wanaliogopa. Mkandarasi akaja ofisini na kofi moja tu. Jino likaenda, na majina yakaenda nalo. Tangu siku hiyo ukurasa wa pili ukajaa watu wasio na majina: "fundi cherehani mmoja", "mwalimu mmoja", "mganga mmoja wa meno". Na mji wenyewe ulikuwa na fundi cherehani huyo huyo mmoja! Watu walicheka, gazeti likauzika, na hakuna aliyethubutu kuja kugomba, maana angekuwa amejitaja mwenyewe.

Mama Gazeti alirithi mashine ya kuchapia, kiti kibovu na utaratibu huo. Aliupenda, kwa sababu ulimfanya ajione jasiri bila kupata taabu yoyote. Kwa hiyo bwana afya alipokuta unga umejaa wadudu kwenye stoo ya kaka yake mkubwa, mwoka mikate, hakusita. Akaandika: "Mwoka mikate mmoja wa mji huu amekutwa na unga unaotembea wenyewe." Akalala usingizi wa mtu mwenye haki.

Alichosahau, na hapa ndipo mtu unatamani kumfinya, ni kwamba mwezi ule mjane mmoja mgeni alikuwa amefungua duka la mikate mkabala na posta. Watu wakajiuliza, nani atamwanika kaka yake gazetini? Basi ni huyo mgeni. Wateja wote wakahamia kwa kaka.

Wiki mbili mjane alioka asubuhi, na jioni akawamwagia kuku mikate. Hatimaye akaja ofisini. Hakupayuka.

"Dada, bwana afya kwangu alikuta kusafi. Mwisho wa mwezi nafunga duka, wanangu nawapeleka kwa shangazi yao. Nilitaka tu nikuone uso kabla sijaondoka."

Mama Gazeti aliona aibu mpaka masikio yakamwaka moto. Mjane alipotoka, akavaa viatu akaenda kwa kaka yake, akamkuta anakanda unga huku anaimba.

"Mdogo wangu, tulia," kaka akamwambia. "Wewe hukumtaja mtu, mimi sikumtaja mtu. Watu wameamua wenyewe, sisi tufanyeje?"

"Tuseme ukweli."

"Sema. Halafu umzike mama kwa aibu. Kwa umri wake ule, ataweza hayo?"

Hapo akamchoma. Mama yao aliishi chumba cha nyuma ya ofisi, na huyo kaka ndiye mwanawe wa kiume pekee. Kila mgeni alisimuliwa habari zake kabla hajapewa kiti. Mama Gazeti alirudi akakaa mbele ya mashine, akaandika, akafuta, akamlaani baba yake na jino lake. Mwishowe akaandika jina kamili la kaka, akaeleza unga ulikutwa kwa nani, na chini yake akaomba radhi kwa jina lake mwenyewe. Akachapa, akaacha rundo mezani, akaenda kulala.

Gazeti lilipotoka, kaka alifika na unga umemganda mpaka viwikoni.

"Umenimaliza," akasema. "Mimi basi, nimezoea ukorofi wako. Lakini mama je? Yakusanye haya kabla hajayaona."

Mlango wa nyuma ukafunguka. Mama yao akatoka, vidole vyote vyeusi kwa wino.

"Nimeyakunja mimi, moja moja," akamwambia kaka. "Nawe usinifanye kisingizio. Nenda kamwombe radhi yule mwanamke, kisha urudi hapa nikuangalie."